Marehemu wa Kwenye Sinema

Ottilie Raschke alikuwa kiziwi, lakini mjini Gera hapakuwa na mtu aliyeipenda sinema kama yeye.

Hakuzaliwa hivyo. Ilikuwa ile baridi mbaya ya wakati wa vita, watu walipokuwa wakila turnipu zilizolimwa kwa ajili ya ng'ombe, ndipo homa ya uti wa mgongo ilipomlaza, na alipoinuka kitandani akakuta dunia imenyamaza. Mumewe Reinhold alikuwa Ufaransa, mbele ya mizinga. Ottilie hakumwandikia habari ile. Alijiambia mtu aliye huko ana yake ya kutosha, atayajua akirudi. Kisha vita vikaisha, wanaume wakarudi wamejazana kwenye mabehewa, wengine bila miguu, wengine bila akili, Reinhold asiwemo. Hakuandikwa miongoni mwa waliokufa wala waliotekwa. Alipotea tu, kama kifungo cha koti.

Basi Ottilie akajifundisha kusoma midomo. Aliishi na mama mkwe wake, Bibi Raschke, na kwa kuwa yule mzee alikuwa mtu wa maneno asubuhi hadi jioni, mwanafunzi hakukosa somo. Mchana alikwenda kiwandani, kazi yake kuunga nyuzi zilizokatika kwenye vitambaa vya sufu, na mshahara wake ndio uliowalisha wote wawili. Wote wawili walivaa nyeusi. Kila Pasaka na kila Krismasi mzee alipanda treni kwenda Berlin kumwona dada yake mgonjwa, na Ottilie alimfungia keki na soseji za damu, akimsihi asipigwe na baridi njiani.

Sinema ndiyo ilikuwa raha yake. Picha za siku zile hazikuwa na sauti, kwa hiyo ndani ya ukumbi ule kila mtu alikuwa kiziwi kama yeye, na yeye alikuwa amewazidi. Mwigizaji alipiga magoti mbele ya mpenzi wake, maandishi yakatokea, "Moyo wangu ni wako milele," lakini Ottilie alikuwa ameshaona midomo ikisema, "Sogeza mguu, unakanyaga gauni langu." Ukumbi mzima ulilia, yeye akacheka peke yake mpaka watu wakamgeukia.

"Kasema nini tena?" aliuliza Emil Tauscher siku hiyo, naye akaanza kucheka kabla ya kuambiwa.

Emil alikuwa fundi wa kufuli, mgane, mtu mnene mwenye vidole vyeusi kwa grisi. Alikuwa wa kwanza mjini kuelewa kwamba mtu akizungumza na Ottilie lazima amtazame usoni. Wengine walimpigia kelele, wengine walimwonyesha kwa mikono kama wanafukuza kuku. Emil alinyoa sharubu zake bila kuombwa, ili midomo yake ionekane. Siku aliyokuja na uso mtupu, Ottilie alielewa hata yale asiyoyasema.

Walitaka kuoana. Kilichobaki kilikuwa ni kwenda mahakamani, Reinhold atangazwe amekufa, na Ottilie aape kwamba hana habari yoyote ya mumewe. Lakini kila walipolitaja jambo hilo mbele ya Bibi Raschke, mzee alishika kifua.

"Ngojeni kidogo tu, mwanangu. Wako mateka walioko Siberia mpaka leo. Utamzika mtoto wangu yu hai?"

Ottilie akangoja. Emil naye akangoja, ila alianza kusaga meno.

Jumapili moja ya mwezi wa Novemba, mchana, wakaenda kuona picha mpya kutoka Berlin. Ilikuwa hadithi ya mtawala mdogo aliyeoa kwa hila. Katikati palikuwa na karamu ya harusi, meza ndefu, mishumaa, wageni wamevaa lulu za uongo. Mhudumu mmoja alipita akimimina mvinyo, akasimama kando ya mtumishi wa kike aliyebeba sahani, akainamisha kichwa upande wa kushoto, vile ambavyo mtu mmoja tu duniani aliinamisha kichwa. Midomo yake ikasema, "Cheka, mke wangu. Leo tunalipwa kwa kucheka."

Yule mwanamke akacheka. Picha ikahamia kwa bwana harusi.

Ottilie alisimama. "Reinhold!"

Hakujua sauti yake ilikuwa kubwa kiasi gani. Aliona tu vichwa vyote vikigeuka, na mpiga piano akiinua mikono.

"Keti, mpenzi, keti," Emil alimwambia, akimshika mkono. "Nini?"

"Yule mhudumu. Ni mume wangu."

"Yupi? Sasa hivi hayupo."

Kweli hakuwepo tena. Hakurudi kwenye picha mpaka mwisho. Ottilie alikwenda kwa mwenye ukumbi, Bwana Zschoche, akamwomba airudishe sehemu ile na kuisimamisha, mtu yule aonekane vizuri.

"Kuisimamisha?" Zschoche alimwangalia kama mwendawazimu. "Dada, filamu ikisimama mbele ya taa inawaka moto! Utaniunguzia jumba zima kwa ajili ya mhudumu?"

"Basi nitaiona tena."

"Ione hata mara mia, mradi ununue tiketi."

Akaiona tena jioni ile, na kesho yake, na keshokutwa. Kila mara Reinhold alikuja akamimina mvinyo, akasema maneno yaleyale, akaondoka, na Ottilie akabaki ameshika mgongo wa kiti cha mbele, hawezi kumwita wala kumshika. Emil alifuatana naye mara ya mwisho.

"Anafanana naye," alisema walipotoka nje. "Mimi sikatai. Lakini wanaume wanaofanana wako wengi, na wewe hujamwona mumeo miaka mingapi?"

"Alimwita yule mwanamke 'mke wangu'."

"Si ni mchezo? Wote pale ni waongo wa kulipwa."

"Wale wa nyuma hawaigizi, Emil. Wale husema la kwao."

Emil aliangalia pembeni, akasema jambo ambalo hakutaka alione. Hilo lilimuudhi Ottilie kuliko kama angemtukana.

Alipomweleza mama mkwe, mzee alikaa juu ya kiti cha jikoni, uso wake mweupe kama unga. Ottilie alidhani ni furaha imemzidi. Akampa kahawa ya shayiri, akapiga magoti mbele yake, akamshika mikono.

"Mama, yu hai. Nitakwenda Berlin kumtafuta."

"Unaona wafu, mwanangu," mzee alisema polepole. "Ni huzuni. Usiende. Berlin si mji wa mwanamke asiyesikia. Utakanyagwa na tramu."

"Nitatazama kulia na kushoto."

"Nimesema usiende!"

Hakuwahi kumwona mzee akikunja uso namna ile. Akaliweka moyoni, asielewe.

Zschoche, kwa kutaka kumwondoa ukumbini kwake, alimwambia kwamba watu wa kujaza picha hukusanyika asubuhi katika mkahawa fulani karibu na kituo cha reli huko Berlin, wakisubiri kuchaguliwa kama vibarua. Ottilie akapanda treni daraja la nne, akasimama njia nzima kati ya vikapu vya kabichi, akaufikia mkahawa ule asubuhi iliyofuata. Ulijaa makasisi, majenerali na malkia, wote wamevaa nguo za kuazima, wote wanakunywa maji ya moto. Na pale dirishani, ndani ya koti la mhudumu, alikaa Reinhold.

Alikuwa amefuga sharubu. Nene, zimeshuka mpaka juu ya mdomo wa chini.

"Reinhold."

Aligeuka. Aliyemtazama alikuwa mtu aliyeona kaburi linafunguka. Kisha uso ukajifunga. Midomo ilicheza nyuma ya zile nywele, na Ottilie aliambulia mawili matatu tu: "...unakosea, bibi... Wendt... Paul Wendt..."

"Mimi ni Ottilie."

Mkahawa mzima ulikuwa umegeuka. Reinhold aliinuka, akamshika kiwiko, akamtoa nje kwa haraka. Wakatembea. Ukutani mwa kituo, chini ya daraja la reli, kandokando ya maduka, alimvuta akitazama mbele, na akisema. Ottilie alijua anasema kwa sababu mkono ule uliomshika ulikuwa ukitetemeka kwa maneno. Alimwona kwa ubavu tu, shavu na sikio. Alijaribu kumpita mbele ili amwone usoni, naye akazidi kuharakisha. Alisema kwa muda mrefu. Wakati mmoja alifuta macho kwa mkono wa koti la watu. Alipokwisha alisimama, akamgeukia, akangoja jibu kama mtu aliyetua mzigo.

"Sijasikia hata neno," Ottilie alisema. "Mimi ni kiziwi, Reinhold."

Hakuamini. Akasema kitu, akakirudia. Ottilie akamwonyesha sharubu.

"Inua hizo. Sema tena. Yote, kama ulivyosema."

Akaziinua kwa kidole, kama mtoto anayeonyesha jino bovu, akasema tena. Lakini safari hii yalikuwa mafupi, yamepangwa vizuri. Kwamba alitoroka jeshini wiki za mwisho za vita. Kwamba aliogopa kupigwa risasi. Kwamba akachukua jina la mtu aliyekufa, na baadaye ikawa vigumu kurudi.

"Ndivyo ulivyosema kwanza?"

"Ndivyo."

"Ulisema muda mrefu. Ulilia."

"Upepo tu."

"Hapakuwa na upepo, Reinhold! Uliniambia nini pale darajani?"

Akatikisa kichwa. "Hayo hayo."

Ottilie alitaka kumpiga. Miaka yote aliyoomba mtu huyu aseme neno, na leo amesema, na limepita sikioni mwake kama maji juu ya bati. Njia ya mwongo ni fupi, watu husema. Kwa huyu ilikuwa ndefu, na alikuwa na nguvu za kuendelea nayo.

Kabla hajapata la kusema, mwanamke mmoja alivuka barabara akiwaelekea, mkate chini ya kwapa, tumbo limeanza kuonekana chini ya koti. Ni yule mtumishi wa sahani. Bila lulu na mishumaa, alikuwa msichana tu mwenye mafua.

"Paul, wamekuchagua? Huyu nani?"

Reinhold alimjibu akiwa amempa Ottilie mgongo. Alichosema, Ottilie alikijua kwa jibu la yule msichana, ambaye alimshika mikono yote miwili, macho yamejaa huruma.

"Dada wa rafiki yake aliyekufa vitani! Pole sana, dada. Mimi Käthe. Na umekuja mbali hivyo kuuliza habari zake? Umekula? Paul, mbona umemsimamisha barabarani kama deni? Twende nyumbani, kuna supu."

Ottilie akaenda. Baadaye hakuweza kueleza kwa nini. Labda kwa sababu alikuwa na njaa, labda alitaka kuona meza ambayo mumewe alikula. Kilikuwa chumba kimoja ghorofa ya juu, kitanda, jiko, nepi mpya zimekunjwa juu ya sanduku. Käthe alisema maneno wazi, midomo yake mizuri, hakuna aliyewahi kuwa rahisi kusomwa kama yeye.

"Unatoka wapi, dada?"

"Gera."

"Gera! Si kwa mama yake Paul huko? Unamjua? Mzee mmoja mwembamba, haachi kusema. Huja kila Krismasi na Pasaka. Mara ya mwisho alileta keki yenye lozi, mpaka leo naiota. Na soseji za damu, mama yangu! Nikamwambia, Mama, wewe ni mpishi. Akasema, mpishi ni mtumishi wangu."

Ottilie aliweka kijiko mezani.

Nyuma ya bega la Käthe, Reinhold alikuwa amesimama. Aliziinua sharubu zake kwa vidole viwili, na bila kutoa sauti, kwa midomo tu, akasema, "Nakuomba. Mimi nimeshakufa. Niache nife."

Alikuwa amejifunza upesi. Hata uziwi wa Ottilie ameshauchukua na kuufanyia kazi.

"Lozi zile nilizipangia foleni mimi," Ottilie alisema. "Keki niliipika mimi. Huyu anaitwa Reinhold Raschke, na mimi si dada wa mtu. Ni mke wake."

Käthe alicheka kwanza. Kisha akageuka kumtazama Reinhold, na kuanzia hapo Ottilie aliona kisogo chake tu, na msuko wa nywele ukiruka. Reinhold naye alikuwa amefunika uso kwa mikono. Walisema, walibishana, kikombe kilianguka, jirani alifungua mlango akachungulia, na Ottilie alikaa katikati ya ugomvi uliomhusu asipate hata neno. "Nigeukieni!" alipiga kelele. "Semeni mbele yangu!" Hakuna aliyemgeukia. Mwishowe Käthe aligeuka, machozi yamefika kidevuni.

"Toka nyumbani kwangu," alisema.

"Mimi?"

"Nani mwingine? Toka!"

Alimfikia mama mkwe akiwa bado na masizi ya treni usoni. Mzee alimwona mlangoni, akaacha kumenya viazi.

"Tangu lini?" Ottilie alisema.

"Mwaka ule ule vita vilipokwisha."

"Na hata hukumwambia kwamba sisikii! Na ukanivalisha nguo nyeusi!"

"Hukulazimishwa. Na ilikupendeza."

"Mama! Nilikuwa nalia pale, kwenye kile kiti, na wewe unalia pamoja nami!"

"Nililia kweli." Mzee alitupa kisu ndani ya beseni. "Ningefanyaje? Ningekwambia, ungemfuata. Ungemfuata, wangemkamata. Ninaye mtoto mmoja tu. Na wewe ukijua, ungekaa hapa kwa ajili ya nani? Kwa ajili yangu? Nani angenilisha?"

Ottilie alikuwa amejiandaa kwa uongo. Ukweli huo ulimkosesha pa kushika. Alipanda juu, akafunga nguo zake, akashuka. Mzee alikuwa bado anasema, mgongo umegeuka.

Emil alifurahi kumwona, na furaha hiyo haikufika jioni.

"Basi kumbe ni kweli," alisema. "Mshenzi mkubwa. Lakini sikiliza, yaani, nitazame. Amekuomba umwache afe? Si ndivyo tunavyotaka sisi? Nenda mahakamani, apa kwamba huna habari, tuoane kabla ya Krismasi."

"Habari ninazo."

"Nani anajua? Mimi na wewe."

"Na mama yake, na mke wake, na mkahawa mzima. Wote wanadanganya kwa ajili yake, Emil. Sasa unataka na mimi niape?"

"Mtu kajifisha mwenyewe! Wewe unamfufua kwa faida gani?"

"Sitamfichia siri yake hata siku moja zaidi."

"Basi utamwambia hakimu ukweli, halafu tutangoja. Mimi nimengoja, Ottilie. Nimengoja mpaka nimeota mvi."

"Mvi ulikuja nazo."

Hakucheka. Alichukua kofia yake.

Hakimu alikuwa na ndevu zilizojaa, na karani ilibidi amwandikie kila swali. Je, mume amekufa au yu hai? Yu hai. Yuko wapi? Ottilie akataja mtaa na ghorofa. Polisi wa Berlin wakajibu baada ya muda kwamba chumba ni kitupu, Paul Wendt na mkewe wamehama, hawakuacha anwani. Mama yake akaapa, mkono juu ya Biblia, kwamba hamjui Paul Wendt yeyote. Basi hakimu akaeleza kwa subira, kupitia kalamu ya karani: hawezi kumtangaza amekufa mtu ambaye mkewe mwenyewe anasema yu hai. Wala hawezi kuwaachanisha upesi, kwa kuwa anayeshtakiwa hajulikani alipo. Ataitwa kwa tangazo gazetini. Watangoja mwaka. Asipotokea, ndipo watafikiria.

"Mwaka!" Ottilie alisema. "Yeye ndiye kakimbia, mimi ndiye nifungwe?"

Karani alianza kuandika jibu, kisha akaona hakuna, akaweka kalamu.

Alipanga chumba kwa mjane mmoja mtaa wa nyuma. Emil alikaa wiki nyingi bila kuja. Alipokuja, alikuwa amekasirika bado, na alikuja na kengele aliyoitengeneza yenye kamba na kibao chekundu kinachoinuka mtu akivuta nje, kwa sababu, alisema, amechoka kusimama mlangoni kwake kama mdai. Waligombana mwaka mzima. Waligombana kuhusu Reinhold, kuhusu hakimu, kuhusu majirani waliouliza kwa nini fundi anamtembelea mke wa mtu. Tangazo lilichapishwa gazetini na hakuna aliyelijibu. Talaka ilitoka mwaka ule ambao mshahara wa Ijumaa haukununua mkate Jumamosi, nao wakaoana mchana wa mvua, mashahidi wakiwa ni wateja wawili wa kufuli. Mjini watu waliendelea kumwita mjane Raschke. Alichoka kuwasahihisha.

Reinhold hakuonekana tena, wala kwenye picha wala nje ya picha. Hata mama yake hakumpata. Krismasi ya kwanza alifunga safari na kurudi na kapu lake halijafunguliwa, na baada ya hapo hakusafiri tena. Alibaki peke yake na miguu iliyovimba. Majirani wakamwambia Ottilie, mzee yule hali kitu. Ottilie akasema, "Ana mtoto." Akasema hivyo majuma kadhaa. Kisha Jumapili moja akachukua sufuria, akamtukana Emil aliyekuwa hajasema lolote, akaenda.

Mzee alikuwa amekaa jikoni na shali mabegani. Ottilie akampakulia supu ya madonge ya viazi, akaketi mkabala naye na koti lake mwilini, akisubiri arudishiwe sahani. Mzee akaonja, akameza, akainua uso.

"Haina chumvi," alisema.

Ottilie aliliona neno lile vizuri sana. Akageuza macho yake dirishani.